Utambuzi wa Koili ya Kuwasha Yenye Hitilafu katika Magari ya Zamani: Kutoka Dalili hadi Kisababishi

Ikisiri

Makala haya yanaeleza namna ya kuipata koili ya kuwasha katika gari la zamani na namna ya kuthibitisha kwamba ndiyo yenye hitilafu. Hoja kuu ni kwamba koili haipaswi kubadilishwa kwa kutegemea dalili peke yake, kwa kuwa dalili zake hufanana na zile za kondensa mbovu, za mafuta yasiyofika na za waya zilizolegea. Aidha, makala yanaonesha kuwa kipimo cha ukinzani kinaweza kuitia hatiani koili iliyokwisha kufa, lakini hakitoshi kuisafisha koili inayoshindwa kazi pale tu inapopata joto. Kwa hiyo yanapendekezwa mapitio ya hatua kwa hatua, kuanzia umeme unaoingia hadi kipimo cha joto, na yanahitimishwa kwa kusisitiza kuwa uchunguzi haujakamilika mpaka kilichoiua koili kijulikane.

1.0 Utangulizi

Chukulia Land Rover ya Series III, ya petroli, inayopanda mlima Kitonga kutoka Ruaha Mbuyuni kuelekea Iringa. Ni saa nane mchana. Gari limebeba watu na mizigo, na injini imefanya kazi bila kupumzika tangu Mikumi. Katikati ya kona injini inaanza kurukaruka, inakosa nguvu, kisha inazimika. Dereva anapiga starta. Injini inazunguka vizuri lakini haiwaki. Malori yanajipanga nyuma yake. Baada ya nusu saa anajaribu tena, na injini inawaka kana kwamba hakuna kilichotokea. Anapofika mjini, fundi anamwambia kuwa koili imekufa. Anainunua nyingine, inafungwa, naye anaridhika. Safari inayofuata, mlima uleule, gari linazimika tena.

Mfano huu unawakilisha tatizo ambalo wamiliki wa magari ya zamani wanalifahamu vizuri. Kosa la fundi si kuishuku koili. Dalili zilimruhusu kuishuku. Kosa lake ni kuuchukulia ushuku kuwa ni uthibitisho. Gharama ya kosa hilo haiishii kwenye bei ya kipuri, kwani abiria hurudi barabarani wakiamini kuwa gari limepona ilhali bado linaumwa.

Makala haya yanahusu zaidi magari yenye koili moja na distribyuta, kama vile Land Rover za Series III zilizotengenezwa kuanzia 1971 hadi 1985, Volkswagen Beetle na Peugeot 504 za petroli. Pale inapobidi, magari ya baadaye yanatajwa kwa ulinganisho.

2.0 Kazi ya koili

Betri ya gari hutoa volti 12 tu, wakati cheche inayoruka kwenye plagi ndani ya silinda iliyojaa mchanganyiko uliogandamizwa huhitaji maelfu ya volti. Kazi ya koili ni kuziba pengo hilo. Mfumo wa betri, koili na pointi uliendelezwa na Mmarekani Charles Kettering wa kampuni ya Delco, na Cadillac iliuanza katika magari yake ya mwaka 1910. Msingi wake haukubadilika sana kwa zaidi ya nusu karne.

Ndani ya koili mna misokoto miwili ya waya wa shaba iliyozungushiwa kiini cha chuma. Msokoto wa msingi una waya mnene wenye mizunguko mia chache. Msokoto wa upili una waya mwembamba kama unywele wenye mizunguko maelfu kwa maelfu, kwa kawaida takribani mara mia moja ya ile ya msingi. Katika koili za zamani zenye umbo la kopo, misokoto hiyo huzamishwa katika mafuta ambayo huihami na kuipoza.

Pointi, yaani vipande viwili vya chuma vinavyogusana na kuachana ndani ya distribyuta, zinapogusana, mkondo hupita katika msokoto wa msingi na kujenga uga sumaku. Pointi zinapoachana, mkondo hukatika ghafla, uga sumaku huporomoka, na mporomoko huo huzalisha volteji kubwa katika msokoto wa upili. Volteji hiyo hupita katika waya mnene wa katikati hadi kwenye kifuniko cha distribyuta, kisha rota huigawia kila plagi kwa zamu yake. Kondensa husaidia pointi zikate mkondo kwa ghafla bila kutoa cheche baina yao. Bila kondensa nzima, mkondo hukatika polepole na koili, hata ikiwa mpya, hutoa cheche dhaifu.

Ukubwa wa kazi hiyo unaweza kukadiriwa kwa hesabu rahisi. Injini ya mipigo minne yenye silinda nne huhitaji cheche mbili kwa kila mzunguko. Inapozunguka mara 3,000 kwa dakika, koili hutoa cheche 6,000 kwa dakika, yaani 100 kwa kila sekunde. Yote hayo hufanyika ndani ya chombo kilichofungwa, karibu na injini yenye joto. Si ajabu, basi, kwamba adui mkubwa wa koili ni joto: hulegeza vihami, huupanua waya uliokwisha kuchoka hadi ukaachana, na huyafanya mafuta yavuje pale kifuniko kinapopasuka.

3.0 Mahali ilipo koili

Watengenezaji hawakukubaliana kuhusu mahali pa kuifunga koili, hivyo kukariri mahali pake katika gari moja hakumsaidii fundi katika gari jingine. Kinachosaidia ni kufuata waya. Anza na kifuniko cha distribyuta. Kina waya mnene mmoja wa katikati na waya nyingine zinazouzunguka, moja kwa kila plagi. Waya huo wa katikati ndio unaotoka kwenye koili; ufuate hadi mwisho wake. Katika Beetle utakufikisha kwenye koili iliyofungwa juu ya nyumba ya feni, nyuma ya gari, ambako ndiko iliko injini. Katika magari mengi ya injini ya mbele utakufikisha kwenye bodi ya ndani ya boneti au ubavuni mwa injini.

Juu ya koili ya kopo kuna tundu la waya mnene na ncha mbili ndogo. Alama za ncha hizo hutofautiana. Koili nyingi huwa na alama za chanya na hasi. Zile za Bosch huandikwa 15 kwa waya unaotoka kwenye swichi, 1 kwa waya unaokwenda kwenye distribyuta, na 4 kwa tundu la waya mnene. Koili za zamani za Lucas zina herufi SW upande wa swichi na CB upande wa pointi. Herufi hizo zilifaa zaidi wakati ambapo magari mengi ya Uingereza yalikuwa yamefungwa chanya ya betri kwenye bodi. Fundi anayeweka koili ya aina moja mahali pa nyingine sharti ahakikishe kuwa ncha hazijageuzwa. Zikigeuzwa injini inaweza kuwaka, lakini plagi zitahitaji volteji kubwa zaidi na injini itakosa nguvu inapolemewa.

Si kila gari lina koili ya kopo. Citroën 2CV haina distribyuta ya kugawa cheche. Koili yake moja ina matokeo mawili, nayo hurusha cheche katika plagi zote mbili kwa wakati mmoja. Katika baadhi ya Toyota Corolla za miaka ya 1990 zenye injini ya 4A-FE, koili imo ndani ya distribyuta yenyewe, hivyo anayeitafuta nje hataiona. Katika injini za baadaye kama 1NZ-FE, kila plagi ina koili yake juu yake. Hapo utambuzi ni mwepesi zaidi: koili ya silinda inayomisi huhamishiwa silinda nyingine, na kumisi kukihama pamoja nayo, koili hiyo imejishuhudia yenyewe.

4.0 Dalili na washukiwa wengine

Koili yenye hitilafu huonesha mojawapo ya sura tatu: injini haiwaki kabisa, injini inawaka lakini inamisi, hasa inapolemewa mlimani, au injini inafanya kazi vizuri ikiwa baridi, inazimika ikipata joto, na inawaka tena ikipoa. Sura ya tatu ndiyo inayosumbua zaidi, kwa sababu mara nyingi gari hufika gereji likiwa limekwisha kupoa na halioneshi ugonjwa wowote.

Hata hivyo, hakuna sura inayoihusu koili peke yake. Kondensa nayo huweza kushindwa kazi kwa joto na kupona kwa baridi. Petroli huweza kugeuka mvuke katika bomba au pampu siku ya jua kali, injini ikazimika na kuwaka baada ya kupoa. Waya uliolegea huweza kuachana gari linapotikisika.

Njia ya kuwatenganisha washukiwa hawa ni kupima wakati ule ule injini inapozimika, kabla haijapoa. Cheche ikiwa nzuri wakati huo, tafuta kwenye mafuta. Cheche ikiwa haipo au ni dhaifu, tafuta kwenye mfumo wa kuwasha. Dakika tano za kwanza kando ya barabara zina thamani kuliko saa nzima gereji, na dereva anayebeba plagi ya akiba na taa ya kupimia anaweza kuzitumia.

5.0 Hatua za uchunguzi

5.1 Tahadhari

Usishike waya mnene kwa mkono wakati injini inazungushwa. Hata ncha ndogo za koili si salama, kwani pointi zinapoachana volteji ya msokoto wa msingi hupanda hadi mamia ya volti. Hakikisha hakuna petroli iliyomwagika wala harufu ya mvuke wake, na weka nguo mbali na mkanda wa feni. Pia usiache waya mnene ukining'inia bila mahali pa kurushia cheche. Volteji isiyopata njia nje hujitafutia njia ndani ya koili, na huweza kukiharibu kihami kilichokuwa kizima. Katika magari yenye mfumo wa elektroniki tahadhari hizi ni muhimu zaidi, kwa kuwa nguvu ya cheche ni kubwa na visanduku vyake huharibika kwa urahisi.

5.2 Umeme unaoingia

Hatua ya kwanza haigusi koili yenyewe. Pima betri, iliyojaa na kutulia huwa na takribani volti 12.6. Kisha fungua swichi na upime ncha ya koili inayotoka kwenye swichi. Pasipokuwa na umeme hapo, koili haina kosa. Kosa liko kwenye swichi, fyuzi au waya.

Umeme ukiwepo, ondoa waya unaokwenda kwenye distribyuta na upime ncha ile ya pili ya koili ikiwa wazi. Kwa kuwa hakuna mkondo unaopita, ncha hiyo nayo inapaswa kuonesha volteji ya betri. Ikionesha sifuri, msokoto wa msingi umekatika na koili imekufa. Ikionesha volteji ya betri, rudisha waya, unganisha taa ya kupimia baina ya ncha hiyo na bodi, kisha piga starta. Taa ikiwaka na kuzimika kwa kufuatana, pointi zinakata mkondo kama inavyotakiwa. Ikibaki imewaka tu, pointi hazigusani au zina uchafu. Ikibaki imezimika tu, pointi haziachani au waya wake umegusa bodi.

5.3 Cheche

Chomoa waya wa katikati kwenye kifuniko cha distribyuta, uuelekeze kwenye kifaa cha kupimia cheche kilichofungwa vizuri kwenye bodi, kisha piga starta. Cheche nzuri ni ya buluu inayoelekea weupe, ina mlio mkali, na huruka pengo la milimita 6 bila kusitasita. Cheche ya njano au nyekundu, nyembamba na yenye kukatikakatika, ni dhaifu.

Hapa kuna mtego. Mafundi wengi huchomoa plagi, huigusisha kwenye bodi, na wakiona cheche husema koili ni nzima. Plagi iliyo hewani ina pengo dogo, na hewa isiyogandamizwa huruhusu cheche kuruka kwa volteji ndogo. Plagi hiyohiyo ikiwa ndani ya silinda huhitaji volteji kubwa zaidi. Koili iliyodhoofika hufaulu mtihani wa kwanza na kufeli wa pili. Ndiyo maana pengo la kupimia linapaswa kuwa kubwa.

Cheche ikiwa nzuri kwenye waya wa katikati lakini haifiki kwenye plagi, angalia rota na kifuniko. Ufa mwembamba mweusi ndani ya kifuniko, au kuzunguka tundu la koili, ni njia ambayo umeme umejichongea kuelekea bodi.

5.4 Ukinzani

Zima swichi, ondoa waya zote kwenye koili, na utumie multimita. Kwanza gusanisha ncha za multimita zenyewe na uandike kinachosomeka; huo ni ukinzani wa waya zake, nao utoe katika kila kipimo kidogo. Koili ya volti 12 isiyohitaji kikinzani cha nje kwa kawaida huwa na omu 3 hadi 4 katika msokoto wa msingi. Koili inayotumia kikinzani cha nje huwa na takribani omu 1.2 hadi 1.8. Msokoto wa upili, unaopimwa kuanzia tundu la waya mnene hadi ncha mojawapo ndogo, katika koili nyingi za kopo huwa na omu 5,000 hadi 15,000. Baina ya ncha yoyote na kopo lenyewe pasiwe na njia kabisa. Kitabu cha gari husika, kikipatikana, ndicho chenye kauli ya mwisho.

Majibu ya kipimo hiki lazima yasomwe kwa tahadhari. Kisipoonesha njia, msokoto umekatika na hukumu ni ya hakika. Lakini kikionesha namba nzuri, koili haijasafishwa. Katika msokoto wenye mizunguko 20,000, mizunguko miwili ikigusana huku kihami chake kimeungua, ukinzani hupungua kwa kiasi ambacho multimita haiwezi kukiona. Hata hivyo mzunguko huo uliojifunga hunyonya nguvu ya uga sumaku kila unapoporomoka, na cheche hufifia. Isitoshe, multimita hupima kwa volteji ndogo sana ya betri yake, ilhali kihami hushindwa chini ya maelfu ya volti.

5.5 Joto

Kwa sababu hiyo, koili inayoshukiwa kushindwa kwa joto ipimwe ikiwa na joto. Acha injini ifanye kazi mpaka hitilafu ijitokeze, kisha rudia vipimo vya 5.3 na 5.4 mara moja. Ukinzani wa shaba hupanda kwa karibu asilimia 0.4 kwa kila nyuzi moja ya Selsiasi, hivyo msokoto wa omu 3 kwenye nyuzi 20 utasoma karibu omu 4 kwenye nyuzi 100. Ongezeko hilo ni la kawaida na lisihesabiwe kuwa ugonjwa. Ugonjwa ni namba kuruka ghafla, kupotea na kurudi.

Iwapo hakuna vifaa, zima swichi na uifunike koili kwa kitambaa kibichi bila kuzilowesha ncha zake. Ikipoa peke yake, wakati injini ingali ya moto, na cheche ikarudi, ushahidi dhidi yake ni mzito. Ushahidi mzito kuliko wote ni kufunga kwa muda koili nzima ya aina ileile na kurudia safari ileile. Hitilafu ikibaki, koili ya awali irudishwe na uchunguzi uendelee kwenye kondensa, ambayo bei yake ni ndogo.

6.0 Kilichoiua koili

Koili iliyothibitika kufa inapaswa kuulizwa imekufaje. Kisababishi cha kwanza ni swichi kuachwa wazi injini ikiwa imezimwa, pengine kwa ajili ya kusikiliza redio. Pointi zikiwa zimegusana, mkondo hupita mfululizo na koili huiva kimyakimya. Cha pili ni waya mbovu za plagi au mapengo ya plagi yaliyopanuka kupita kiasi, ambayo huilazimisha koili kupandisha volteji hadi kihami kishindwe.

Cha tatu, ambacho hupuuzwa zaidi, ni kutolingana kwa koili na kikinzani. Baadhi ya magari yana kikinzani cha takribani omu 1.5 kilichounganishwa kwa mfululizo na koili yenye omu 1.5. Wakati wa kupiga starta kikinzani hurukwa ili koili ipate volteji yote ya betri iliyolemewa. Injini ikishawaka, umeme hupitia humo. Kwa hiyo injini inayowaka wakati wa kupiga starta na kuzimika mara tu ufunguo unapoachiwa ina kikinzani kilichokatika, na koili yake yaweza kuwa nzima. Kikinzani hicho mara nyingine ni waya maalumu uliofichwa kati ya waya nyingine, na fundi asiyejua huubadilisha kwa waya wa kawaida.

Athari zake zinahesabika. Omu 3 kwa jumla huruhusu ampea 4, na joto linalozalishwa ndani ya koili yenye omu 1.5 ni wati 24. Kikinzani kikiondolewa, mkondo huwa ampea 8 na joto hufikia wati 96, yaani mara nne. Koili huwa ya moto kiasi cha kutoshikika, pointi huungua, na kipuri kipya hufa ndani ya muda mfupi. Muuzaji wa vipuri atalaumiwa kwa kuuza bidhaa hafifu, ilhali koili ilikuwa nzuri ila haikuwa ya gari lile.

7.0 Hitimisho

Tukirudi Kitonga, sasa inaonekana kwamba gari lile lingeweza kuzimika mara ya pili kwa sababu mojawapo kati ya mbili. Huenda koili ya kwanza ilikuwa nzima na mgonjwa alikuwa kondensa. Au huenda ilikuwa imekufa kweli, na iliyofuata ikafungwa bila kuulizwa kama inahitaji kikinzani. Katika hali zote mbili, vipimo vilivyoelezwa vingeokoa safari ya pili.

Makala haya yameonesha kuwa koili hupatikana kwa kufuata waya, hushukiwa kwa dalili, na huthibitishwa kwa mfuatano wa vipimo ambao huishia kwenye joto, siyo kwenye multimita peke yake. Inapendekezwa kwamba wanaofundisha ufundi wa magari wawazoeshe wanafunzi kuandika matokeo ya kila kipimo kabla ya kutoa hukumu, na wasiruhusu kipuri kipya kufungwa mpaka kisababishi cha kufa kwa kile cha zamani kimetajwa.